Chama cha Kama Jana

Chama chetu kilikuwa na salamu moja tu. Mmoja anasema, "Leo?" na wengine wanajibu, "Kama jana!" Basi. Hapana kurusha mkono, hapana wimbo, hapana kutikisa bega. Ukishajibu unakaa, unavua kofia yako ya kijivu, unaiweka magotini, unasubiri ajenda. Watu wa mtaani walituita wazee wa Kama Jana, na sisi hatukukasirika, maana hata kukasirika kwetu kulihitaji kikao.

Mwenyekiti wa tawi alikuwa mume wangu. Mtaani walimwita Breki, na jina lilimkaa sawasawa. Ukileta hoja ya kupaka ukumbi rangi, anauliza rangi iliyopo imekosa nini. Ukileta hoja ya kununua viti vya plastiki, anauliza kwani mabenchi yameanguka? Siku moja benchi likaanguka kweli, katibu akiwa juu yake. Mume wangu akaamua ligongwe misumari lirudi palepale. Katibu, mwanamume mfupi aliyestaafu ukarani wa posta, aliuandika uamuzi huo akiwa bado sakafuni.

Nampenda mume wangu, lakini nampenda zaidi akiwa tawini. Kabla ya kustaafu alikuwa mkaguzi wa mizani, anazunguka madukani kuangalia kama kilo ni kilo. Mtu wa namna hiyo akishinda nyumbani, anakagua. Anafunua sufuria. Anauliza kwa nini kitunguu kimetangulia nyanya. Nikifua anasimama nyuma yangu na kuninong'oneza, "Kola hiyo bado." Kwa hiyo kila asubuhi akivaa kofia yake na kusema, "Nakwenda tawini," mimi humjibu, "Nenda salama, baba watoto," kwa moyo wote.

Sasa elewa hofu yangu siku makao makuu walipotuma habari kwamba matawi yanayoshindwa uchaguzi hadi uchaguzi yatafungwa. Letu likikosa kiti cha diwani safari hii, ukumbi utakodishwa kwa muuza unga wa mahindi. Na letu lilikuwa linashindwa vizuri sana. Kata yote ilikuwa mikononi mwa Chama cha Kasi, wale wenye fulana nyekundu na spika kubwa. Uchaguzi uliopita kura zetu zilikuwa chache hivi kwamba ningeweza kukutajia kila aliyetupigia, anakoishi, na maradhi yake.

Siku ile mume wangu hakula. Nilimkuta amekaa kitandani, amepakata kofia yake kama mtu aliyepakata kuku mgonjwa.

"Wakifunga tawi, mimi nitakwenda wapi?" akaniuliza.

Nikamwonea huruma kwelikweli. Halafu nikamwona anaangalia jinsi nilivyotandika shuka, anavuta pembe moja iwe sawa na nyingine, nikajionea huruma na mimi. Nikaapa moyoni kwamba tawi hili halifungwi nikiwa hai.

Lazima nieleze jinsi tulivyokuwa tunachagua mgombea, maana bila hilo hutanielewa. Katika chama chetu mtu haombi cheo. Kuomba cheo ni kama kujipakulia nyama kwenye nyumba ya watu. Unapendekezwa, unakataa. Mara ya kwanza unasema, "Sistahili." Mara ya pili, "Afya yangu hainiruhusu." Mara ya tatu, "Wapo walio bora kuliko mimi." Ukimaliza hapo unashika kichwa, unaguna, unakubali. Anayekubali kabla ya mara ya tatu hajawahi kutokea, ndiyo maana hakuna aliyemtungia adhabu.

Tena, kabla ya kumpendekeza mgombea mwenyewe, tulikuwa na heshima ya kumpendekeza mwanachama mpya kuliko wote. Ni kumkaribisha tu. Anasimama, anasema "Sistahili," tunampigia makofi, anakaa amefurahi. Kwa kuwa kila mtu alijua atasema nini, makofi yalianza hata kabla hajafungua mdomo. Na kanuni yetu ya tangu mwanzo inasema makofi yakishapigwa, jambo limepita.

Siku ya kuchagua mgombea tukawa pungufu ya mtu mmoja. Mzee wetu wa mwisho wa benchi la nyuma alikuwa amehamia kwa binti yake. Bila mtu huyo, kikao si kikao. Mume wangu akaanza kuiangalia saa ya ukutani, ambayo ilisimama zamani na hakuna aliyeruhusiwa kuigusa.

"Nipe dakika," nikamwambia. "Nakuletea mtu."

Nikaenda saluni kwa mkamwana wangu. Mkamwana wangu ni msusi, na watu humwita Kitana, kwa sababu hutembea na kitana kimechomekwa kichwani, anakisahau huko hadi kanisani na harusini. Mdomo wake haupumziki. Nilimkuta anamsuka mteja huku anamsimulia mteja mwingine habari za mteja wa tatu.

"Mama, siasa mimi siziwezi!"

"Huji kufanya siasa. Unakuja kukaa tu."

"Kukaa naweza."

Njiani nilikuwa nimwelekeze mambo ya kukataa. Lakini ameniacha niseme? Alikuwa ananieleza habari za bibi harusi mmoja aliyetaka nywele kama mwanamuziki fulani na akatoka kama fagio, na mimi nilikuwa nimeshika mbavu kwa kucheka. Tukaingia ukumbini, akaandikiwa kadi, akakaa. Salamu ikatolewa, akaijibu kwa sauti iliyomwamsha mweka hazina.

Katibu akasimama. "Kwa heshima ya chama, napendekeza mwanachama wetu mpya, mkamwana wa mwenyekiti."

Kitana akainuka. Mume wangu, kwa kawaida yake ya kuongoza kwa vitendo, akaanza kupiga makofi, nasi wote tukamfuata, nyuso zimelegea kama za watu waliokwisha kusikia.

"Nimekubali!" akasema. "Jamani! Asanteni sana! Sikutegemea kabisa! Naanza lini?"

Makofi yakaendelea kidogo yakipungua, kama feni iliyozimwa.

"Mkamwana," mume wangu akasema taratibu, "ulikuwa unataka kusema kwamba hustahili."

"Mimi? Hapana, baba. Nitajitahidi."

Mume wangu akamgeukia katibu. Katibu akafungua kanuni, akafunga, akafungua tena kama mtu anayetafuta samaki kwenye friji tupu.

"Mwenyekiti, makofi yamepigwa."

"Nani alianza?"

Katibu akatazama viatu vyake. "Ni wewe, mwenyekiti."

Wengine wangebadilisha kanuni palepale. Wenzetu wa Kasi hubadilisha kanuni zao kati ya chai na vitafunio. Lakini sisi tulikuwa Kama Jana. Mume wangu, ambaye suti yake ya mgombea ilikuwa imekwisha kupigwa pasi nyumbani, akavaa kofia, akasema kikao kimefungwa, akatoka mbele yetu akiwa amenyooka kama mlingoti.

Kwa siku kadhaa hakusema na mkamwana wake. Tulikuwa tukila meza moja, maana mwanangu ni dereva wa lori na akiwa safarini mkewe hula kwetu, basi mimi ndiye niliyegeuka kuwa simu.

"Mwambie mgombea wako anisogezee chumvi."

"Mama, mwambie mwenyekiti chumvi iko mbele yake."

"Mwambie nimeiona."

"Mwambie asiweke nyingi, presha."

Mwanangu akapiga simu kutoka huko aliko. "Mama, ni kweli mke wangu amempindua baba?" Nikamwambia hakumpindua, amesimama tu wakati wa kukaa. Alicheka hadi lori nyuma yake likampigia honi.

Lakini kanuni ilikuwa inamsubiri mume wangu kule mbele. Kanuni inasema mwenyekiti wa tawi atatangulia na mgombea na kumtambulisha kwa wananchi. Kwa hiyo siku ya kwanza ya kampeni akavaa kofia yake ya kijivu, akachukua kipaza sauti cha mkono, akatangulia. Kitana nyuma yake, kitana kichwani. Katibu nyuma ya Kitana. Mimi na akina mama wawili nyuma ya katibu. Ukituona ungedhani tunakwenda kumpa mtu pole.

Tulienda sokoni. Mume wangu akapanda juu ya kreti la soda akaanza hotuba. Alianzia kuanzishwa kwa chama. Wauzaji wakaendelea kupanga nyanya. Alipofika kwenye katiba ya tatu, mbuzi mmoja aliyekuwa anasikiliza akaondoka.

"Baba, samahani," Kitana akasema, akimgusa kiwiko kwa vidole viwili, kwa adabu. "Niongeze neno?"

Mume wangu akanitazama mimi. "Mwambie aongeze."

"Baba anasema uongeze."

Kitana hakupanda kreti. Alisimama palepale katikati ya mboga. Sasa, wakati ule Chama cha Kasi kilikuwa kimepitisha kwenye baraza kwamba soko livunjwe, pajengwe jengo la kuegesha magari, na wauzaji wapelekwe nje ya mji, ng'ambo ya dampo. Kila mtu sokoni alikuwa na jambo hilo kooni, na hakuna aliyejua alitemee wapi.

"Mimi mnanijua," Kitana akasema. "Nusu ya vichwa hapa nimevisuka mimi, na nusu nyingine ninaviona vinavyohitaji." Watu wakacheka. "Chama changu ni cha wazee. Hakina spika, hakina fulana. Kina neno moja tu, na baba mkwe wangu amelisema tangu sijazaliwa. Hebu nisaidieni. Jana soko lilikuwa wapi?"

"Hapa!"

"Na leo?"

Mama mmoja wa mchicha, mnene, mwenye sauti kama tarumbeta, akajibu kabla ya wote: "Kama jana!"

Weee! Soko zima likalidaka. "Leo?" "Kama jana!" "Leo?" "Kama jana!" Wachinja kuku wakagonga visu mezani. Wabeba mizigo wakapiga miluzi. Mtu akapiga sufuria, mwingine akapiga sufuria kubwa zaidi. Katibu alishtuka akadondosha kanuni ndani ya beseni la dagaa.

Mume wangu alikuwa bado juu ya kreti. Nilimwona midomo inachezacheza.

"Wanapiga kelele," akaniambia.

"Ndiyo, mzee."

"Kwa neno letu."

"Ndiyo."

"Hawajalibadilisha hata kidogo."

"Hata kidogo."

Akavua kofia, akaifuta, akaivaa tena. Masikio yake yalikuwa yamewiva kama pilipili.

Kuanzia hapo mambo yakatutoka mikononi. Sisi tuliodhaniwa tunasinzia ndio tukawa watu wa mjini. Kofia za kijivu zikaisha madukani. Vijana wakazivaa kisogoni, wakazivaa upande, mmoja akamvika punda. Saluni ya mkamwana wangu ikatoa msuko unaoitwa Kama Jana, mistari imenyooka kuelekea nyuma. Tuliokuwa tunapinga kila kipya tukawa sisi ndio kitu kipya, na hatukuwa tumesogeza hata benchi. Mweka hazina wetu, mzee ambaye hakuwahi kuinuka bila msaada, alionekana juu ya pikipiki ya kijana fulani akipeperusha bendera. Aliposhuka, mkewe alimwuliza kama amechanganyikiwa. Akamjibu, "Bado kidogo, niache."

Mume wangu alijaribu kufunga breki. Alimsimamisha kijana mmoja aliyegeuza kofia.

"Kanuni inasema kofia ivaliwe kwa heshima."

"Shikamoo, mzee. Heshima ipo, nimeiweka nyuma ili na wanaonifuata waione."

Mume wangu alikaa na jibu hilo siku nzima. Jioni nilimkuta mbele ya kioo, kofia ameigeuza, anajitazama kwa ubavu. Nikarudi jikoni kwa ncha za vidole.

Halafu akaja mjumbe kutoka makao makuu. Alikuja na gari jeupe na tai nyembamba, akakaa sebuleni kwangu, nikamwekea chai. Mimi nikakaa nyuma ya pazia namenya viazi, maana viazi vilikuwa vinahitaji kumenywa palepale.

"Mzee," mjumbe akasema, "kata hii tunaichukua. Makao makuu wanacheza ngoma. Sasa, huyu dada msusi ana kelele nzuri, lakini baraza si saluni. Kila mtu anajua nafasi hii ni yako kwa haki. Tutatangaza kwamba amejitoa kwa heshima ya baba mkwe wake. Tunakupendekeza wewe."

Kisu changu kikasimama. Suti ilikuwa bado imening'inia kabatini, nimeifunika kwa kanga isipate vumbi. Kitu alichokitamani tangu nywele zake zikiwa nyeusi kilikuwa kimeletwa sebuleni kwake na gari jeupe. Na mimi nikajua akikipokea, mezani kwangu hatakaa tena mwana wala mkamwana, na soko litamgeuka kabla ya jua kuzama.

"Sistahili," mume wangu akasema.

Mjumbe akatabasamu, akakunja nne. "Ndiyo, mzee."

"Afya yangu hainiruhusu."

"Pole sana. Tuko pamoja."

"Wapo walio bora kuliko mimi."

"Hongera!" Mjumbe akasimama, mkono mbele.

"Sikubali," mume wangu akasema.

"Unasemaje?"

"Nimesema sikubali. Sitaki."

Mjumbe akakaa tena taratibu, uso umejaa heshima. "Mzee, tulisikia kwamba wewe ni mwanachama wa kale, lakini sikujua bado wapo wanaokataa hadi mara ya nne. Endelea tu, mimi nasubiri."

"Kijana, ninakataa!"

"Ya tano," mjumbe akanong'ona, akatoa kitambaa akajifuta jicho.

Mume wangu akatoka nje, akazunguka nyumba, akarudi. Mjumbe alikuwa bado anasubiri, anakunywa chai. Ndipo mume wangu akaita, na sauti yake ilikuwa na hofu ya kweli. "Mama watoto! Njoo umweleze huyu mtoto wa watu kwamba ninakataa!"

Nikatoka na kiazi mkononi. "Mzee anakataa."

"Hadi mke anamsaidia kukataa!" mjumbe akasema. "Vizazi vya sasa havina hii!"

Jamani, niliuma kiazi kibichi nisicheke. Mtu aliyeishi maisha yake yote kwenye chama ambacho kukataa ni kukubali, sasa anatafuta neno la kukataa na hakuna alilotengenezewa. Alishika kichwa, akakumbuka maana ya kushika kichwa, akaachia upesi.

Mwisho akasogea hadi mbele ya mjumbe, akamwonyesha viganja vyake viwili.

"Unaiona hii mikono? Makofi yalipigwa. Aliyeanza ni mimi, kwa hii mikono. Yakishapigwa, jambo limepita. Mkitaka kufuta makofi, futeni kwanza na mimi, halafu futeni chama, mkajiunge na Kasi, maana wao ndio wanaogeuza maneno yao. Mgombea wa tawi hili ni mkamwana wangu. Maliza chai yako."

Mjumbe akaelewa. Alielewa hivi kwamba chai hakuimaliza.

Nilipogeuka nikamwona Kitana amesimama kwenye mlango wa nyuma, amekuja kula, kitana amekitoa kichwani na kukishika kwa mikono miwili. Tukakaa mezani. Mume wangu akavuta sahani yake.

"Mkamwana," akasema, "nisogezee chumvi."

"Hii hapa, baba. Kidogo tu, presha."

"Usinipangie."

Nikalia na kucheka pamoja, nikawaambia ni vitunguu, na vitunguu havikuwemo.

Tulishinda. Sitaki hata kueleza jinsi tulivyoshinda, maana nitaanza tena kurukaruka na magoti yangu ninayajua. Soko lilipiga sufuria hadi sufuria zikatoboka. Katibu alibebwa juujuu, na kwa ufupi wake ilikuwa mara ya kwanza anawaona watu utosini. Baraza likaogopa sufuria zile, soko halikuhama. Tawi halikufungwa. Muuza unga aliambiwa atafute kwingine, akatafuta, halafu akarudi akachukua kadi ya uanachama.

Na si yeye tu. Walikuja wote. Wenye saluni, wabeba mizigo, vijana wa pikipiki, hata wale wa Kasi walikuja fulana nyekundu zikichungulia chini ya makoti. Ukumbi ukajaa, mlango ukajaa, madirisha yakajaa. Mume wangu akasimama mbele yao akiwa kama bwana harusi, akasema chama chetu hakijawahi kumwacha mtu nje, jambo ambalo ni kweli, maana hakuna aliyewahi kuja.

"Basi," akatangaza, "tawi linahamia uwanjani kwangu!"

Makofi! Aliyeanza ni yeye.

Tangu hapo mume wangu yuko nyumbani asubuhi hadi jioni, na tawi lote liko naye. Wanakaa kwenye ngazi zangu, wanakaa kwenye karo la kufulia. Wanabishana kama salamu ibaki "Kama jana" au iwe "Kuliko jana", na hoja hiyo haiishi, kwa sababu sasa kila anayepinga ana miaka ishirini na kila anayetaka mabadiliko ana themanini. Wakichoka kubishana wanafunua sufuria zangu. Juzi kijana aliyegeuza kofia aliniuliza kwa adabu zote kwa nini kitunguu kimetangulia nyanya. Mume wangu nyuma yake akaitikia kwa kichwa kama mwalimu aliyefaulisha.

Nikavua aproni. Nikamkabidhi kijana mwiko.

"Unakwenda wapi?" mume wangu akauliza.

"Nakwenda tawini."

"Tawi si liko hapa?"

"Hilo lenu."

Nikaenda ukumbini. Hapakuwa na mtu. Nikachagua benchi lenye misumari mingi, nikanyoosha miguu juu yake, nikavua viatu. Kimya kilikuwa kizuri hivi kwamba nilikisikia. Baada ya muda mama wa mchicha akachungulia mlangoni, akaniona.

"Bibi, kikao kiko wapi?"

"Kwangu. Pita kwa mlango wa jikoni, uwaambie wasiguse maziwa."

"Na hapa kuna nini?"

"Hapa hakuna kitu kabisa," nikamwambia. "Ingia ukae."